Maji ya Kwanza ya Mtumbwi

Nyamizi binti Maduhu alizaliwa mahali ambapo maji huheshimiwa kuliko mgeni. Kwao, upande wa Shinyanga, mwanamke akimwaga maji ya kunawia bila kunywesha hata kuku alisemwa jioni nzima, na ng'ombe waliijua njia ya lambo kuliko watoto walivyoijua njia ya shule. Basi binti wa namna hiyo kuja kuolewa na mvuvi ni mambo ya Mungu, na Mungu naye ana utani wake.

Aliyemleta ziwani ni Pantaleo, kijana wa Kizinza kutoka Kabalole, kijiji kidogo kilichojibanza kwenye ghuba upande wa Geita. Baba yake Pantaleo alikuwa mvuvi, na alipofariki mtumbwi wake mkuukuu haukukawia kumfuata: ulipasuka, ukaishia kuwa kuni za kukaushia samaki wa watu wengine. Asiye na mtumbwi ufukoni si mvuvi, ni mtazamaji. Pantaleo hakupenda kutazama. Akaenda Mwadui kwenye almasi, akaajiriwa kuchekecha kokoto, na huko langoni akawa ananunua maziwa kwa binti mmoja mrefu, mkimya, aliyempimia mpaka ukingo wa kikombe bila kumwangalia usoni. Alinunua maziwa mpaka wenzake wakamuuliza kama amefuga ndama chumbani.

"Kwetu kuna maji ambayo huoni mwisho wake," alimwambia siku moja.

"Nani anayanywa?"

"Kila mtu."

"Na hayaishi?"

"Hayaishi."

Nyamizi alirudi nyumbani akamwambia mama yake kwamba pale mgodini yupo mwongo mmoja, lakini ana meno mazuri.

Hayo yalikuwa mara baada ya ile njaa ya mwaka arobaini na tisa, na zizi la mzee Maduhu lilikuwa na nafasi kuliko ng'ombe. Pantaleo alipopeleka mahari, mzee hakuuliza mengi. Aliuliza tu kama watu wa ziwani wanakamua. Alipoambiwa hawakamui, alimtazama binti yake kwa huruma, akamwombea heri.

Siku Nyamizi alipoliona ziwa, aliketi chini. Hakuona mwisho wake, kweli, na moyo wake haukufurahi hata kidogo, uliingia baridi. Maji aliyoyazoea yalikaa mahali, yakangoja mtu. Haya yalikuwa yanakuja na kurudi, yanapumua. Alimshukuru Mungu kwamba mwanaume wake si mwongo, akajiambia kimoyomoyo kwamba yeye na haya maji watasalimiana kwa mbali.

Kujifunza kula ngege, samaki wa kule ziwani, kulimchukua muda. Miiba ilimwingia kwenye fizi, na harufu ya samaki ilimfuata hadi kitandani. Alijifunza kupara magamba, kupasua tumbo, kupanga samaki juu ya moshi, na mikono yake ilikuwa myepesi, hakuna aliyeweza kumlaumu kwa uvivu. Lakini mama mkwe wake alikuwa mtu mwingine kabisa.

Jina lake la kuzaliwa lilikuwa Sikujua, na watu walimwita Mama Donatus kwa mwanawe wa kwanza. Alikuwa mwanamke mfupi, mkavu, mwenye ulimi ulionyooka. Alipokuwa bado kijana alisimama kwenye baraza la mtemi akatoa ushahidi dhidi ya kaka yake wa tumbo moja, kwa ajili ya mbuzi wa jirani, na kaka yake hakumsalimia mpaka anaingia kaburini. Sikujua alimlilia sana kaka huyo, lakini hakujuta. Watu wa Kabalole wakibishana jambo walisema, "Kamuulizeni Mama Donatus," na alichosema kilikuwa mwisho wa ubishi. Mtu wa namna hiyo ni baraka kijijini, lakini kuishi naye ua mmoja ni kazi.

"Huyu wa ng'ombe," ndivyo alivyomwita Nyamizi, hata mbele yake. Hakuwa anamtukana, aliona tu anasema ukweli.

Pantaleo naye hakuwa amekaa. Alipotoka Mwadui aliingia msituni Geita, akawa anakata magogo ya kuegemeza mashimo ya mgodi wa dhahabu, na kila aliporudi nyumbani alirudi na ubao mmoja au miwili begani. Wenzake walirudi na baiskeli, wengine na santuri. Yeye mbao. Zilipokuwa za kutosha alimwendea mzee Bujiku, fundi wa mitumbwi, na kazi ikaanza pale ufukoni, mbele ya macho ya kijiji kizima.

Bujiku hakupiga msumari hata mmoja. Alitoboa mbao kwa chuma cha moto, akazishona ubao kwa ubao kwa kamba alizosokota mwenyewe, na katikati ya kila mshono akasindilia nyuzi kavu za mgomba. Nyamizi alimpelekea uji kila siku, akachutama kando kumtazama. Aliona ni kitu kizuri. Kwa mara ya kwanza tangu aje ziwani aliona kitu kilichomkumbusha kwao, maana hata kwao mtu hutia kiraka kibuyu kilichopasuka kwa kukishona hivyohivyo.

Sasa ni lazima nieleze jambo la kata, ile ya kuchotea maji, kwa sababu bila hilo hakuna hadithi.

Mtumbwi wa kushona ukiingia majini mara ya kwanza huvuja kila tundu. Si kosa la fundi, ndiyo tabia yake. Mbao hunywa maji zikavimba, kamba zikavimba, nyuzi za mgomba nazo zikavimba, mpaka mtumbwi unajifunga wenyewe. Kazi ya siku ile ni kuchota maji na kuyamwaga nje upesi kuliko yanavyoingia, mpaka yakate tamaa. Pale Kabalole kazi hiyo ilikuwa ya mke wa mwenye mtumbwi. Mwanamke hakupanda mtumbwi wa uvuvi siku nyingine yoyote, lakini siku hiyo hakuna wa kumshikia nafasi. Mume hushika kafi, mke hushika kata, na mkono wa mume usiiguse kata kamwe. Akimaliza, anakuwa mama wa mtumbwi. Kila wavu utakaporudi, samaki mmoja mkubwa ni wake kabla mtu yeyote hajagawiwa, mpaka siku mtumbwi utakapooza. Huyo aliitwa samaki wa kata. Walikuwepo wajane pale kijijini ambao waume zao walishasahaulika, na bado samaki wa kata waliletwa mlangoni kwao.

Lakini mtumbwi ukikataa kujifunga mpaka mbuzi wanarudi zizini, au ukivutwa nchi kavu kabla haujajifunga, watu husema maji yamemkataa mwanamke. Hapo kata hupewa mke wa kaka mkubwa, na samaki wa kata humfuata yeye. Aliyekataliwa hafukuzwi. Anabaki nyumbani, analima, anapika, ila wazee wanaanza kumshauri mumewe kwa sauti ya chini atafute mke mwingine ambaye maji yanamtambua. Nyamizi alikuwa hajapata mtoto bado. Mwanamke asiye na mtoto wala mtumbwi, pale Kabalole, alikuwa mgeni aliyechelewa kuondoka.

Alilijua hilo vizuri sana. Hakuna aliyemweleza kwa ubaya. Generosa, mke wa Donatus, alimweleza kwa upole kabisa wakiwa wanatwanga mihogo, akaongeza, "Mimi sikuombei mabaya, mwenzangu. Lakini kata yangu ninayo tayari, maana ndivyo inavyotakiwa."

"Umeitayarisha lini?"

"Juzi," alisema Generosa, na walau aliona haya.

Kazi ya kushona ilipokwisha, Bujiku akasema mtumbwi upumzike ufukoni siku kadhaa kamba zikaze, halafu akaenda msibani ng'ambo ya ghuba. Pantaleo naye alikuwa amerudi Geita mara ya mwisho kutafuta mti wa makafi. Alimwachia Nyamizi kazi moja tu: kuufunika mtumbwi kwa matete jua lisiuchome. Aliufunika. Lakini jua la mwezi ule lilipita hata kwenye matete, na mchana mmoja Nyamizi alipofunua kutazama aliona mistari myembamba kwenye mbao, kama ile inayotokea kwenye kisigino kikavu.

Moyo ukamlipuka. Kwao, kitu cha mti kikiwa kipya hakiachwi hivyo, kikavu, uchi. Kinu kipya hupakwa mafuta. Kigoda hupakwa. Chombo cha kukamulia hupakwa ndani na nje kabla maziwa hayajakigusa, la sivyo kitapasuka na maziwa yatamwagika, na huo ni uchuro. Hata bibi harusi hupakwa, akang'aa, ndipo akatolewa nje. Yeye mwenyewe alipakwa siku alipoondoka.

Na samli alikuwa nayo. Mjomba wake alikuwa amepita mwezi uliotangulia akielekea Ushirombo, akamletea kibuyu kimoja kutoka kwa mama yake. Samli ile ndiyo kitu pekee cha kwao alichokuwa nacho pale ziwani. Hakuipikia. Usiku alikuwa akifungua kizibo, ananusa, anafunga. Sikujua alikuwa amekiona kibuyu kile kikiingia ndani, akangoja siku ya kwanza, ya pili, aone kitaletwa jikoni lini, na kilipokosa kuletwa akatoa hukumu yake. "Huyu wa ng'ombe anakula peke yake gizani," aliwaambia majirani. Nyamizi alisikia. Ilimuuma, akanyamaza, kwa sababu hakujua namna ya kumweleza mtu kwamba samli inaweza kuwa ya kunusa tu.

Mchana ule, watu wakiwa mashambani, alikichukua kibuyu akaenda nacho ufukoni. Akaingia kwenye mtumbwi uliokuwa nchi kavu bado, akachutama, akapaka. Alianza mbele akamalizia nyuma, mshono kwa mshono, akisugua kwa vidole mpaka samli ikazama kwenye kamba na kwenye nyuzi za mgomba, na jua likamsaidia kuiyeyusha. Alipaka yote. Alikikung'uta kibuyu mpaka tone la mwisho. Alijisikia vizuri moyoni, kwa mara ya kwanza akaona ametoa kitu chake katika kazi ile ya mumewe. Hakumwambia mtu. Kwa nini aseme? Watu wangecheka, na mama mkwe angesema lake.

Maskini Nyamizi. Mwenye macho haambiwi tazama, lakini hapo hapakuwa na mtu hata mmoja wa kutazama. Mtoto yeyote wa Kabalole angemfokea. Mti ulioshiba mafuta haunywi maji, na mtumbwi usiokunywa maji haujifungi.

Siku ilipofika, ufuko wote ulijaa. Bujiku alikuwa amerudi, Donatus alikuwepo, Generosa alisimama na kata yake kwapani kama mwanamke aliyepita tu akielekea kisimani. Sikujua alisimama peke yake, mikono nyuma. Nyamizi alivua viatu, akakunja nguo, akatia mguu kwenye maji yale ambayo miaka yote alikuwa akiyasalimia kwa mbali. Akasita hapo, mguu mmoja majini, mpaka Pantaleo akaona.

"Maji ukiyavulia nguo sharti uyaoge," alimnong'oneza, akicheka ili na yeye acheke.

"Nyamaza," alisema Nyamizi. "Usipige kafi kwa nguvu."

Mtumbwi ukasukumwa. Maji yakaingia kila mahali kwa mara moja, yakamfunika vifundo vya miguu, na wanawake ufukoni wakapiga vigelegele kwa sababu ndivyo inavyotakiwa kuwa. Nyamizi akaanza kuchota. Hofu yenyewe ilimpa nguvu. Alichota na kumwaga, alichota na kumwaga, na Pantaleo akapiga kafi taratibu kuzunguka ghuba.

Kwa kawaida, sufuria ya maharage ikichemka, maji huwa yameanza kupungua. Maharage yakachemka, yakaiva, yakaliwa. Maji hayakupungua. Vigelegele vilikwisha zamani. Watu waliokuwa wamesimama wakaketi, waliokuwa wameketi wakaanza kunong'ona. Bujiku alikuwa akijitafuna midomo, maana sifa yake nayo ilikuwa mle ndani. Mabega ya Nyamizi yaliwaka moto, viganja vikachubuka, na kila alipoinua macho alimwona Generosa amebadilisha kata kutoka kwapa moja kwenda jingine.

Upepo wa alasiri ukaanza, na mtumbwi mzito kwa maji ukawa hausikii kafi. Pantaleo akaugeuza akaupeleka nyuma ya mafunjo, mahali ambapo mawimbi hayafiki, na macho ya ufukoni hayafiki vilevile. Hapo maji yalitulia. Nyamizi akachota, akainua kata, na katika kata ile akaona vijicho vidogo vya manjano vinaelea, vinakutana, vinaachana.

Akaacha kuchota. Anayejua maziwa anajua kijicho cha mafuta juu ya maji.

"Umechoka?" Pantaleo aliuliza.

"Ni mimi," alisema Nyamizi.

"Wewe nini?"

"Niliupaka samli. Mishono yote. Ulipokuwa Geita. Niliona unapasuka, nikadhani... Kwetu ndivyo tunavyofanya."

Pantaleo aliinama akaitazama ile kata. Halafu alichukua kafi akalipiga ubavuni mwa mtumbwi kwa hasira mpaka ndege wakaruka kutoka kwenye mafunjo. "Miaka yangu yote!" alisema. "Mwadui, Geita, mbao nimebeba begani mpaka bega limeota sugu! Nyamizi! Kwa nini hukuuliza mtu?"

"Nimuulize nani?" alisema Nyamizi, na hapo ndipo machozi yalipotoka. "Nani hapa ninaweza kumuuliza kitu asinicheke?"

Pantaleo aliteremsha kafi. Alipumua kama mtu aliyetoka kukimbia, huku maji yakipanda.

"Nirudishe," Nyamizi alisema. "Mpe Generosa. Mtumbwi wako usife kwa ajili yangu."

"Generosa akichota, samli itakuwa imehama?" Pantaleo alisema kwa uchungu, halafu sauti ikalainika bila yeye kutaka. "Kwenu, chombo kikishiba mafuta mabaya, mnakitoaje?"

Nyamizi alijifuta pua kwa mgongo wa mkono. "Kwa majivu ya moto na mchanga. Unasugua. Mafuta yanatoka na povu."

"Mchanga upo."

"Majivu hayapo."

"Majivu yapo," ilisema sauti kutoka kwenye mafunjo.

Alikuwa Sikujua. Alikuwa amekuja kwa njia ya ukingoni, ile ya kwenda kwenye majiko ya kukaushia samaki, akapita kwenye tope hadi maji yakamfika kiunoni, kwa sababu mama akiona mtumbwi wa mwanawe umepotea nyuma ya mafunjo hakai kuangalia. Hawakujua alikuwa amesimama pale tangu lini. Alisogea mpaka ubavuni mwa mtumbwi, akatia mkono ndani ya yale maji, akautoa, akanusa vidole. Akanusa tena.

"Ile ya kibuyu?" aliuliza.

"Ndiyo, Mama."

"Yote?"

"Yote, Mama."

"Kumbe haikuliwa gizani," alisema Sikujua. Nyamizi alingoja ulimi ule ulionyooka umshukie, akainamisha kichwa kupisha. Haukumshukia. Bibi yule aligeuka akaenda zake kwenye tope, akirusha maji huku na huku, na aliporudi alikuwa na ungo wa majivu kichwani, ya kwenye majiko ya samaki, yanafuka bado.

Nyamizi akapiga magoti ndani ya mtumbwi. Akachanganya majivu na mchanga Pantaleo alioukwangua chini kwa kafi, akasugua mishono kama alivyofundishwa na mama yake kusugua vyombo, kwa kiganja na kwa kisigino cha mkono, chumvi ya majivu ikimuunguza pale alipochubuka. Lakini ukisugua huwezi kuchota, na maji hayamngoji mtu. Yalifika kwenye mapaja yake. Mtumbwi ukainama upande mmoja. Kidogo tu tena, ungekaa chini ya ziwa na kila kitu kingekuwa kimekwisha.

Pantaleo aliweka kafi chini, akaokota kata, akaanza kuchota.

Alichota mbele ya mama yake mzazi. Hakumtazama, wala hakuomba ruhusa. Sikujua alishika ubavu wa mtumbwi kwa mikono miwili kuuzuia usilale, akamwona mwanawe anafanya jambo ambalo hakuna mwanaume wa Kabalole aliyewahi kulifanya, na hakuuachia. Povu la kijivu likapanda kwenye mishono, Pantaleo akalichota akalimwaga, likapanda jingine. Halafu likaanza kupanda taratibu. Halafu mshono wa mbele ukanyamaza, na ule wa pili. Mbao zilikuwa zinakunywa. Zilikuwa na kiu ya siku nzima, zikanywa kwa pupa.

"Mpe kata yake," alisema Sikujua.

Nyamizi akaipokea, akachota yaliyobaki mpaka kata ikawa inakwaruza ubao.

Walipotokea kutoka nyuma ya mafunjo mbuzi walikuwa wanashuka mlimani, na mlio wao ulisikika mpaka majini. Sikujua alikuwa amekwisha kuzunguka kwa miguu, amesimama tena na watu, nguo imeloa mpaka kifuani. Mtumbwi ulikuja mwepesi. Bujiku hakungoja ufike. Aliingia majini akaupanda, akapitisha kiganja kwenye kila mshono, na uso wake ukakunjuka.

"Umejifunga," alisema.

Watu wakataka kupiga kelele, lakini Generosa alikuwa ameona. "Mbona ana majivu mpaka kwenye nywele?" aliuliza. "Na mume wake naye ana majivu mikononi. Huko nyuma ya mafunjo kulikuwa na nini?"

Macho yote yakageukia mtumbwi. Lilikuwa swali la haki. Pantaleo alificha mikono, na kuificha kukawa kama kuionyesha. Nyamizi aliikaza kata mkononi. Walikuwa wamefika mpaka hapa, ufukoni kabisa, na sasa hivi watu wangeambiwa, mtumbwi ungehesabiwa umechotwa na mkono wa mume, na kata ingekwenda palepale ilipokuwa inangojewa.

Bujiku alishuka mtumbwini. Desturi ilimtaka amuulize mama wa mwenye mtumbwi mbele ya watu wote, na siku nyingine lilikuwa swali la kutimiza wajibu tu. Siku hiyo aliuliza kwa sauti nzito.

"Mama Donatus. Wewe umetoka huko, nguo yako imeloa. Nani amechota maji ya kwanza ya mtumbwi huu? Kata imeguswa na mkono mwingine?"

Nyamizi alimtazama mama mkwe wake. Alimwona amesimama, mfupi, mkavu, mdomo umefungwa, yuleyule aliyemponza ndugu yake wa tumbo moja kwa sababu ya mbuzi wa jirani. Hakuwa na tumaini lolote. Hata hakumlaumu. Alianza kuufungua mkono wake ili aitoe kata.

"Amechota mke wa mwanangu," Sikujua alisema. "Nimesimama pale nimeona kwa macho yangu. Mkono mwingine sikuuona."

Hakuna aliyebisha. Nani abishe? Bujiku aliitika kwa kichwa, vigelegele vikapasuka, Generosa akaitazama kata yake kidogo, akaigeuza mdomo chini, akapiga kigelegele na yeye, na kwa kweli alikipiga vizuri. Vijana walimbeba Pantaleo juujuu.

Nyamizi alishuka majini. Alikwenda mpaka alipokuwa mama mkwe wake, akapiga magoti kwenye mchanga. Macho ya bibi yule yalikuwa mekundu, yanaangalia mahali pengine.

"Inuka," alisema Sikujua kwa sauti ya chini, ya wao wawili. "Usinishukuru. Nimezeeka bila uongo hata mmoja, na leo umenipa wa kwenda nao kaburini."

"Nisamehe, Mama."

"Inuka, nimesema. Watu wanatazama." Akamshika kiwiko akamwinua, na alipokwisha kumwinua hakukiachia. "Kesho ukiwa na neno la kuuliza, njoo uniulize mimi. Nitakucheka, halafu nitakujibu."

Wakapanda njia ya nyumbani hivyohivyo, mmoja amemshika mwenzake kiwiko, Nyamizi akilia waziwazi mbele ya kijiji kizima, na Sikujua akimkemea anyamaze.